Nilisema Nikea, Nikakosea

Mabishano yalianza kama yanavyoanza yote pale barazani kwetu Chukwani: baada ya Isha, kahawa ikiwa bado ya moto, ndege ya usiku inapita juu ya vichwa vyetu kwenda kutua na kila mtu ananyamaza kidogo mpaka kelele zipungue. Mmoja wetu alikuwa ametumiwa klipu kwenye simu, akatuonesha. Mhubiri anapiga meza, anasema Biblia ya leo si ile ya zamani. Mimi nasoma ualimu, masomo yangu Historia na Kiswahili, na nimeshazoea kuulizwa mambo ya tarehe. Basi nikaingia kwa kujiamini kabisa. Nikasema hizi Injili nne zilipigiwa kura mwaka 325 kwenye mkutano wa Nikea, mfalme Konstantino ndiye aliyeamua, na zilizobaki zikachomwa moto.

Watu wakaitikia. Mwenzangu mmoja wa darasani, Mkristo kutoka bara, ambaye huwa anakaa nasi hapo kwa sababu ya kahawa na kwa sababu ya mpira, alikuwa kimya. Alipoinuka kwenda kulala akaniuliza kwa sauti ya chini tu: "Shehe, hiyo ya kura umeisoma wapi?"

Sikuwa na jibu. Sikuwa nimeisoma popote. Niliisikia, nikaikubali kwa kuwa ilinifaa, nikaitoa mbele za watu kama vile nimetoka maktaba. Na mwezi unaofuata natakiwa niende mazoezi ya kufundisha, nisimame mbele ya Kidato cha Kwanza niwaeleze vyanzo vya historia: masimulizi ya mdomo, maandishi, mabaki ya kale, na namna ya kupima kila kimoja. Aibu ile ndiyo iliyonifanya nikae wiki tatu nikisoma, na makala hii ndiyo matokeo yake. Nimeiandika zaidi kwa wenzangu Waislamu, kwa sababu sisi ndio tunaolizungumza jambo hili sana na kulisoma kidogo.

Nianze na pale nilipoangukia. Mkutano wa Nikea ulikuwepo kweli, mwaka 325, na Konstantino aliuitisha kweli. Maaskofu walikwenda kujadili mafundisho ya Ario, kasisi wa Aleksandria aliyesema kwamba Mwana ameumbwa na hayuko sawa na Baba. Walijadili pia tarehe ya kusherehekea Pasaka, na wakatunga kanuni 20 za nidhamu ya kanisa. Kanuni hizo zipo mpaka leo na zinasomeka. Hakuna hata moja inayotaja orodha ya vitabu. Kisa cha vitabu kuchaguliwa Nikea kinatoka kwenye maandishi ya Kigiriki ya karne ya tisa hivi, yaani zaidi ya miaka mia tano baadaye. Humo inasimuliwa kwamba vitabu viliwekwa kanisani karibu na madhabahu, na vya uongo vikaonekana chini. Voltaire alikifanyia mzaha kisa hicho Ufaransa, na mwaka 2003 riwaya ya The Da Vinci Code ikaisambaza dunia nzima dhana kwamba Konstantino ndiye aliyezichagua Injili. Mimi nikaidaka kwenye simu, Chukwani.

Sasa kama si Nikea, ni wapi? Jibu la kweli halina msisimko: hakuna siku moja wala mkutano mmoja. Vitabu 27 vya Agano Jipya viliandikwa kwa Kigiriki cha sokoni, kimoja kimoja, mahali tofauti. Vya mwanzo si Injili, ni barua za Paulo, za miaka ya 50 Miladia. Hili lilinishangaza, maana ukifungua Biblia Mathayo yuko mwanzo, ukadhani ndiye wa kwanza. Wataalamu wengi wanaiweka Injili ya Marko karibu na mwaka 70, wakati Warumi walipobomoa Hekalu la Yerusalemu, kisha Mathayo na Luka miaka ya 80 hivi, na Yohana kuelekea mwisho wa karne. Kwa hiyo kutoka kuondoka kwa Nabii Isa, ambaye wao wanamwita Yesu, mpaka Injili ya kwanza kuandikwa ni kama miaka 40.

Miaka 40 ni mingi au michache? Inategemea unauliza nini. Bibi yangu anayasimulia Mapinduzi ya 1964, na imeshapita zaidi ya miaka 60. Hakosei aliyekufa na aliyekimbia, wala nyumba ilikuwa ya nani. Maneno yenyewe waliyosemezana watu siku ile, hayo kila mwaka anayasema tofauti kidogo. Nadhani kila aliyewahi kukusanya masimulizi ya mdomo kwa ajili ya somo la utafiti anajua ninachosema.

Wanafunzi wenzangu watacheka, lakini ushahidi mkubwa kuhusu namna Injili zilivyoandikwa ni ule ule ambao msimamizi wa mtihani anautumia kumkamata mtu aliyeangalizia. Ukiweka Mathayo, Marko na Luka ubavu kwa ubavu katika Kigiriki, unaona sentensi nzima zinafanana, na mpangilio wa matukio unafuatana. Karibu tisa kati ya kila sehemu kumi za Marko zimo ndani ya Mathayo kwa namna fulani. Watu watatu wanaokumbuka tukio moja kila mmoja kivyake hawatumii maneno yale yale. Kwa hiyo wasomi wengi wanaona Mathayo na Luka walikuwa na Marko mezani, wakamtumia, wakamrekebisha Kigiriki chake na kuongeza walichokipata kwingine. Luka mwenyewe haoni aibu. Mwanzoni mwa kitabu chake anasema wengi walishaandika kabla yake, na kwamba yeye amefuatilia habari zilizotoka kwa walioshuhudia.

Hapo ndipo sisi tuliosoma Hadithi madrasa tunainua mkono: sanad iko wapi? Walioshuhudia ni nani, na aliyesikia kwao ni nani? Luka hawataji. Tena majina ya Mathayo, Marko, Luka na Yohana hayamo ndani ya matini yenyewe kama saini ya mwandishi. Yako kwenye vichwa vya habari. Mtu wa kwanza tunayejua kwamba alizitaja zote nne kwa majina hayo ni Ireneo, askofu wa Lyon, karibu mwaka 180. Kabla yake kuna Papia, mwanzoni mwa karne ya pili, ambaye maneno yake tumeyapata kupitia Eusebio wa karne ya nne: anasema Marko aliandika aliyoyakumbuka Petro. Hiyo ni sanad ya namna fulani, lakini mwanafunzi yeyote wa ilimu ya Hadithi ataona pengo lake mara moja. Mwenzangu nilipomwonesha hili hakukasirika. Alisema kwao seminari hili lilifundishwa wazi. Alisoma seminari kabla ya kuja huku, jambo ambalo sikulijua mpaka siku ile.

Tuje kwenye karatasi zenyewe, maana neno "imebadilishwa" tunalitumia bila kusema nani alibadilisha, lini, na nakala ipi.

Hakuna nakala ya mkono wa Paulo wala wa Marko iliyobaki. Zilizobaki ni nakala za nakala. Kipande kinachofikiriwa kuwa cha zamani kuliko vyote kiko Manchester, kwenye Maktaba ya John Rylands. Ni kipande cha mafunjo kilichonunuliwa Misri mwaka 1920 na kutangazwa 1935, sentimita 9 kwa 6 hivi, yaani kinaingia kwenye kiganja. Kina maneno machache ya Yohana sura ya 18, pale Pilato anapomhoji Yesu. Wengi wanakiweka karne ya pili kwa kuangalia mwandiko, ingawa wapo wanaosema inawezekana kikasogea mbele zaidi. Karibu na mwaka 200 tunapata kitabu cha mafunjo chenye barua nyingi za Paulo. Kisha katikati ya karne ya nne zinakuja nakala kubwa za ngozi, Vaticanus na Sinaiticus. Hii ya pili iligunduliwa na Mjerumani Tischendorf kwenye monasteri ya Mtakatifu Katerina huko Sinai katika karne ya 19, ikaenda Urusi, na mwaka 1933 Waingereza wakainunua kwa serikali ya Kisovieti kwa pauni 100,000. Ina Agano Jipya lote, na nyuma yake vitabu viwili ambavyo leo havimo kwenye Biblia: Mchungaji wa Herma na Waraka wa Barnaba. Nawaomba mliweke kichwani hilo jina la Barnaba, tutarudi kwake.

Nakala za Kigiriki zilizoorodheshwa zimepita 5,000, na hakuna mbili zinazofanana herufi kwa herufi. Tofauti zikihesabiwa zote zinafika mamia ya maelfu. Namba hii ndiyo wahubiri wa klipu wanaipenda, na ni ya kweli. Wasichosema ni kwamba sehemu kubwa sana ni makosa ya tahajia, neno kurudiwa, jicho kuruka mstari. Mtu aliyewahi kunakili madesa ya mwenzake usiku wa kuamkia mtihani anayajua makosa hayo yote.

Zipo tofauti chache ambazo si ndogo. Aya 12 za mwisho za Injili ya Marko, kuanzia sura ya 16 aya ya 9, hazimo katika Sinaiticus wala Vaticanus. Marko huyo anaishia kwa wanawake kukimbia kaburini kwa hofu. Kisa cha mwanamke aliyefumaniwa, katika Yohana sura ya 8, hakimo katika nakala za zamani zaidi. Na aya inayotaja Baba, Neno na Roho kuwa ni mmoja, katika Waraka wa Kwanza wa Yohana sura ya 5, iliingia kutoka Kilatini. Erasmus alipochapisha Agano Jipya la Kigiriki mwaka 1516 hakuiweka, kwa sababu hakuiona katika nakala zake za Kigiriki. Kelele zikawa nyingi, na katika toleo la tatu la 1522 akaiingiza. Kwa Muislamu hii ni aya nzito, na mimi nilipoisoma nilitaka kukimbilia barazani siku hiyo hiyo. Halafu nikajiuliza: nani amenambia? Si sheikh wala klipu. Walioigundua na kuiandika ni wasomi wa Kikristo wenyewe, na tafsiri nyingi za siku hizi zimeiondoa au zimeitia kwenye mabano au tanbihi.

Kuna jambo moja ambalo sikulitegemea. Sisi tumelelewa na historia ya Sayyidna Uthman, radhi za Allah ziwe juu yake: dola ipo, Khalifa yupo, kamati ya Zayd bin Thabit ipo, msahafu mmoja unasambazwa na kurasa nyingine zinachomwa ili umma usigawanyike. Bila kufikiri tunadhani kila kitabu kilipita njia hiyo. Wakristo hawakuwa na Uthmani wao. Kwa karibu miaka 300 hawakuwa na dola, walikuwa wakikamatwa, na kila mji ulinakili wenyewe kwa mkono wa yeyote aliyejua kuandika. Hapo ndipo fujo ya tofauti ilipotoka. Lakini fujo hiyo hiyo inafanya iwe vigumu kwa mtu mmoja kubadilisha zote, maana angelazimika kukusanya nakala kutoka Misri, Shamu, Rumi na Kartago kwa siku moja. Akibadilisha ya Misri, ya Shamu inamsuta.

Ushahidi ulionigusa kuliko wote uko jirani kwetu, Afrika Mashariki. Karibu na Adwa, katika Tigray, iko monasteri ya Abba Garima. Ndani yake kuna vitabu vya Injili vya Kigeez vilivyoandikwa kwenye ngozi na kuchorwa picha za rangi. Watawa walisema siku zote kwamba ni vya kale sana. Wataalamu wa nje walidhani ni vya zama za kati. Vipande vya ngozi vilipopimwa kwa kaboni, kimoja kikatoka kati ya mwaka 390 na 570, kingine kati ya 530 na 660. Sasa tukumbuke Sira. Hijra ya kwanza, ile ya Habasha, ilikuwa karibu mwaka 615. Masahaba waliposimama mbele ya Najashi na Jaafar bin Abi Talib akasoma Suratu Maryam, angalau kimoja kati ya vitabu hivyo kilikuwa tayari kimeshaandikwa katika nchi hiyo. Na kilichomo ni Mathayo, Marko, Luka na Yohana, hizi hizi.

Kwa hiyo anayesema Injili zilibadilishwa baada ya Uislamu kuja, ili jina la Mtume (SAW) lifutwe, ngozi za Garima zinamkatalia. Sinaiticus inamkatalia pia, kwa karne mbili na nusu zaidi. Anayetaka kusema zilibadilishwa lazima aipeleke hoja yake nyuma, kwenye ile miaka 100 au 150 ya kwanza ambayo karatasi zake hatuna. Hapo uwanja upo. Ni uwanja halali kabisa, na hata wasomi wasio Waislamu wanaubishania.

Na wanazuoni wetu hawakuwa na kauli moja kuhusu tahrif. Ibn Hazm wa Andalusi, aliyefariki 1064, alishikilia kwamba matini yenyewe imeharibiwa, na aliandika kwa ukali, akihesabu migongano aya kwa aya. Wapo wengine waliosema kilichopotoshwa zaidi ni maana na tafsiri. Al-Biqai wa Cairo, aliyefariki 1480, alinukuu Taurati na Injili ndani ya tafsiri yake ya Qur'ani, akashambuliwa na wenzake, akaandika risala ya kujitetea. Mjadala huu ni wetu, una miaka elfu. Barazani tunaufupisha kwa neno moja.

Nilisema tutarudi kwa Barnaba. Kila mdahalo ukifika ukingoni, lazima mmoja aseme: "Injili ya kweli ni ya Barnaba, wameificha." Waraka wa Barnaba uliomo ndani ya Sinaiticus ni barua ya kale, na hauna uhusiano wowote na Injili ya Barnaba. Hii ya pili iko Vienna, imeandikwa kwa Kiitaliano, nakala ya mwishoni mwa karne ya 16, na ipo pia ya Kihispania. Ilitafsiriwa kwa Kiingereza 1907, na mwaka uliofuata Rashid Rida akaitoa kwa Kiarabu Cairo. Tatizo lake si Wakristo kuichukia. Ndani yake Yesu anapanda chombo kwenda Nazareti, mji ulio vilimani, mbali na maji, sawa na mtu aseme amefika Dodoma kwa boti. Inasema mwaka wa jubilei huja kila baada ya miaka mia, na utaratibu huo aliuweka Papa Bonifasi wa Nane mwaka 1300. Katika Taurati ni miaka 50. Na kubwa kuliko yote kwetu, humo Isa anakana kuwa yeye ndiye Masihi na kumpa cheo hicho Mtume Muhammad, wakati Qur'ani inamwita Isa al-Masih waziwazi. Muislamu anayeitetea Injili ya Barnaba anapingana na msahafu wake bila kujua. Hapa nilinyamaza kwa muda mrefu, kwa sababu niliwahi kuitetea.

Je, Injili hizi nne zinaaminika kihistoria? Swali hili wanahistoria hawalijibu kwa ndiyo au hapana. Wanauliza habari moja moja. Kwamba Pontio Pilato alikuwa mtawala wa Uyahudi, ndiyo: jiwe lenye jina lake lilipatikana Kaisaria mwaka 1961. Kwamba Paulo alikuwa Korintho wakati wa liwali Galio, maandishi ya Delphi yanatupa hata tarehe, karibu mwaka 51. Kwamba Isa alizaliwa wakati wa sensa ya Kirenio, kama asemavyo Luka, na pia wakati wa Herode, kama asemavyo Mathayo, hapo pana tabu: Herode alikufa mwaka wa 4 kabla ya Miladia na sensa hiyo ni ya mwaka wa 6 baada. Majibu yametolewa mengi, hakuna lililowaridhisha wengi. Na kuhusu msalaba, Tacitus, Mrumi ambaye hakuwapenda Wakristo hata kidogo, aliandika karibu mwaka 116 kwamba Kristo aliuawa kwa amri ya Pilato. Mimi ni Muislamu, na msimamo wangu umo katika Suratun Nisaa aya ya 157. Sikuupata kwa Tacitus, wala sitausimamisha kwa kumsingizia Tacitus kwamba hakuandika. Mwanafunzi akiniuliza darasani wanahistoria wanasema nini, nitamwambia wanachosema. Akiniuliza mimi naamini nini, nitamwambia pia, na nitamwambia hayo ni maswali mawili.

Imebaki hoja moja, nayo ndiyo iliyonipeleka Mkunazini. Ni ile ya "kila siku wanatoa Biblia mpya." Siku ya Jumamosi tulipanda gari ya mjini, mimi na mwenzangu, tukapita njia ya Mbweni ambako misheni ya UMCA iliwaweka watumwa waliokombolewa, tukashuka Darajani tukaingia ndani kwa miguu. Kanisa lile limejengwa juu ya soko la watumwa lililofungwa 1873, na aliyelijenga, Askofu Edward Steere, amezikwa nyuma ya madhabahu. Alifika Unguja 1864. Mwaka 1870 alitoa kitabu cha sarufi ya Kiswahili cha Unguja, na Agano Jipya lake lilitoka London 1883, mwaka mmoja baada ya kufa kwake. Biblia nzima ya Kiunguja ikafuata 1891. Mombasa hawakuridhika na Kiunguja, wakatoa yao ya Kimvita 1914. Mjerumani Roehl akatoa yake 1937, akijitahidi kupunguza maneno ya Kiarabu. Mwaka 1952 ikaja ya Muungano, ambayo ndiyo wengi wanayo, na miaka ya 1990 Habari Njema. Hizo zote ni tafsiri. Kilichobadilika ni Kiswahili, na nani alikuwa na kauli juu ya Kiswahili. Ukitaka kujua kama asili imebadilika unarudi kwenye zile ngozi na mafunjo. Sisi tunalijua hili vizuri tukitaka: Qur'ani ya Kiswahili ya kwanza kamili ilitolewa 1923 na padri wa UMCA hapa hapa Unguja, Godfrey Dale, yenye maelezo ambayo Waislamu waliyakataa, na ya Sheikh Abdullah Saleh Farsy ikakamilika 1969. Hakuna aliyesema Qur'ani imebadilishwa kati ya 1923 na 1969.

Ndani ya dibaji ya kitabu cha Steere cha 1870 kuna habari ambayo ningependa ifundishwe skuli. Mwaka 1867 Sheikh Abdulaziz al-Amawi, mzaliwa wa Barawa, kadhi, mmoja wa wanazuoni wakubwa wa Unguja, alijitolea kumtafsiria Zaburi kutoka Kiarabu kwa Kiswahili safi kabisa. Kazi haikwenda mbali. Sheikh alikuwa na shughuli nyingi, na Steere akaona Kiswahili chake ni cha kisomi mno, watu wa kawaida wasingekifuata. Nilimsomea mwenzangu tukiwa tumekaa kwenye ngazi za nje. Alicheka. Akasema kwa hiyo angalau kadhi alikubali Zaburi inafaa kutafsiriwa. Nikamwambia ndiyo, na askofu akakubali kadhi anajua Kiswahili kumshinda.

Jumapili usiku nilirudi barazani, nikasema mbele ya wale wale kwamba ya Nikea nilikosea, nikaeleza. Mmoja akaniuliza kama nimeanza kwenda kanisani. Mwingine, mtu wa Sheria, akataka kujua huyo Ario alisema nini hasa na kwa nini hakushinda. Tukaendelea mpaka kahawa ikaisha, na mwenzangu wa bara ndiye aliyezungumza zaidi, kwa sababu ya Ario anayajua kuliko mimi.